Mto Kwenye Vibao vya Mitaa

Ukiwa Dar es Salaam na ukatamani kuuona mto Rufiji, huna haja ya kupanda basi la Utete. Ingia Kariakoo kutokea Msimbazi, inua macho juu ya mabega ya watu na marobota ya nguo, usome vibao. Rufiji upo, ni mtaa. Kibambawe upo, upande wa Gerezani. Narung'ombe, Tandamti, Mahiwa, yote ipo, na chini yake watu wamepanga mabeseni, vitenge, ndala na chaja za simu. Kwa mwenye duka majina haya ni ya kuelekezana tu: "Shuka Msimbazi, uliza Narung'ombe, ukifika kona nipigie." Nami nilipita humo miaka mingi nikiyasoma hivyohivyo, mpaka siku nilipolikuta jina la Kibambawe ndani ya kitabu cha historia ya vita. Nilishtuka kama mtu aliyefungua gazeti la zamani akakuta picha ya jirani yake.

Kibambawe ni mahali pa kuvukia, kule ukingoni mwa Rufiji. Nitafika huko. Kwanza niseme ninachokiamini: Kariakoo ni mtoto wa mto ule. Mto Msimbazi tunaujua kwa sababu uko mlangoni, na masika yakizidi hutufungia njia pale Jangwani. Rufiji uko mbali kusini, na wengi wa wakazi wa jiji hawajawahi kuuona. Lakini ndio uliotoa miti ya kujengea nyumba, ndio uliowameza watu walioacha jina lao kwenye soko, na leo ndio unaowasha taa za maduka. Na kila mara mto ulipotoa, kulikuwa na watu bondeni waliolipa gharama yake.

Rufiji unazaliwa pale Kilombero na Luwegu inapokutana, kwenye maporomoko ya Shuguli. Mbele yake unapokea Ruaha Mkuu, mto unaokuja na maji ya Mbeya na Iringa. Kutoka Shuguli hadi baharini ni kilomita kama 280, lakini urefu si kitu. Kitu ni bonde. Eneo lote linalomwaga maji yake ndani ya Rufiji ni kilomita za mraba 177,000 hivi, karibu moja ya tano ya Tanzania Bara. Mvua ikinyesha Njombe leo, sehemu yake itapita Rufiji kabla haijaonja chumvi. Mwishoni mto unachanua kama vidole vya mkono, kila kidole kimevikwa mikoko, na mbele yake kimelala kisiwa cha Mafia.

Watu wa nje waliujua mlango huo zamani sana. Kitabu cha mabaharia wa Kiyunani cha karne ya 1, Periplus, kinataja mji wa biashara uitwao Rhapta katika pwani hii, mji wa mwisho waliokuwa wakiufikia. Wako wataalamu wanaouweka mji huo katika delta ya Rufiji au jirani yake. Profesa Felix Chami wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam alifukua huko shanga za Kirumi, akachapisha habari zake mwaka 1999. Shanga ni kitu kidogo, lakini hizi zinaonyesha kwamba bidhaa za dola la Kaisari ziliwahi kufika mikononi mwa watu wa Rufiji, na sijui kwa nini jambo hili halizungumzwi zaidi mashuleni.

Kwa mwenyeji wa bonde, mto kufurika hakukuwa lazima msiba. Maji yalipanda, yakatandaza tope lenye rutuba, yakashuka. Yalipokuwa yakishuka watu waliyafuata nyuma, wakipanda mahindi, maboga na kunde kwenye unyevu ule. Kilimo hicho wanakiita mlau. Mpunga ulipandwa kabla, ukakimbizana na maji, shina likirefuka kadiri mto unavyopanda. Katikati ya mashamba walisimamisha dungu, kibanda juu ya nguzo ndefu, na familia ililala humo kuwafukuza nguruwe, nyani na viboko. Mtoto wa Kirufiji alijifunza kupiga kasia kwenye mtumbwi mapema kama mtoto wa Kariakoo anavyojifunza kuvuka barabara. Mafuriko makubwa kupita kiasi yalikuja pia, yakaua na kuleta njaa. Ila mwaka bila maji ulikuwa njaa ya hakika zaidi.

Kitu cha kwanza ambacho mji wetu ulichukua kutoka huko ni boriti. Nyumba ya Kiswahili, ile iliyojaza Kariakoo kabla ya maghorofa, ni miti na udongo: ukumbi katikati, vyumba vitatu huku na vitatu huku, ua nyuma, baraza mbele. Ndani ya udongo mna mifupa, na mifupa hiyo ni mikoko. Kuna nguzo, kuna boriti, kuna pau, kuna fito, kila unene na jina lake na bei yake. Iliyokatwa delta ilipakiwa kwenye majahazi, ikapelekwa Dar es Salaam na Zanzibar, na pepo za msimu zilipogeuka ikaenda mpaka Uarabuni na Ghuba, ambako miti ya kujengea ni adimu. Katika nyumba za mawe za pwani upana wa chumba ulifuata urefu wa boriti, ndiyo maana vyumba vile ni virefu na vyembamba. Mti wa Rufiji ulimpangia tajiri wa ng'ambo ukubwa wa chumba chake.

Niliwahi kusimama na kutazama nyumba moja ya namna hiyo ikibomolewa Kariakoo ili kupisha ghorofa. Mafundi walipiga ukuta kwa nyundo, udongo ukamwagika kama unga, na miti ikabaki imesimama peke yake, imefungwa kwa kamba zilizogeuka nyeusi. Fundi mmoja aliichomoa boriti akaiangusha chini. Haikusikika kama mbao. Ilisikika kama chuma. Aliichana kidogo kwa panga kuona kama imeliwa na mchwa, na ndani ilikuwa bado nyekundu, rangi ya chai ya rangi iliyokolea. Mzee aliyekuwa amekaa barazani ng'ambo ya pili akasema, "Hiyo ya delta. Hiyo utamwachia mjukuu." Wakaipakia kwenye mkokoteni pamoja na nyingine, ikaenda kuuzwa kuni.

Wajerumani waliiona thamani ya mikoko hiyo mapema, wakaiweka chini ya idara yao ya misitu kuanzia mwaka 1898. Waliona pia kwamba bonde linafaa kwa pamba. Hapo ndipo mto ulipoingia katika historia ya taifa kwa mlango wa moto.

Kuanzia mwaka 1902, Gavana von Götzen alianzisha mashamba ya pamba ya lazima. Watu walitolewa kwenye mpunga wao wakalime pamba ya serikali chini ya maakida, kwa viboko, na malipo ya mwisho wa mwaka yalikuwa machache kiasi kwamba wengine waliyakataa. Mwaka 1904, kijijini Ngarambe, mtu mmoja aitwaye Kinjikitile Ngwale alikamatwa na pepo. Wazee waliohojiwa miaka ya 1960 na mwanahistoria Gilbert Gwassa walieleza kwamba alitambaa kwa tumbo, mikono imenyooshwa mbele, akaelekea kwenye kidimbwi cha mto unaoingia Rufiji. Jamaa zake walimshika miguu, wakashindwa. Akazama. Walimtafuta wasimpate. Kesho yake akatoka mwenyewe majini, nguo zake kavu, akaanza kusema mambo ya kutabiri.

Watu wakamiminika Ngarambe kutoka Umatumbi, Kichi, Ungindo, wakapewa maji yaliyochanganywa na mtama na mbarika. Dawa ile ilisemwa itazigeuza risasi za Mjerumani kuwa maji. Tumezoea kuishia hapo, kwenye risasi, na tunawahurumia kana kwamba walikuwa wajinga. Nadhani tunawakosea. Watu ambao hawakuwahi kuwa na mfalme mmoja wala lugha moja ya nyumbani walikunywa maji ya mto mmoja wakawa upande mmoja. Risasi ziliendelea kuwa risasi. Lakini umoja ule ulikuwa wa kweli, nao ulipita mtu kwa mtu, kijiji kwa kijiji, kwa kunong'onezana, na serikali haikusikia mpaka kumekucha.

Julai 1905, Nandete, watu waling'oa pamba. Kinjikitile alinyongwa Mohoro, katika nchi ya Rufiji, tarehe 4 Agosti, vita vikiwa bado vichanga. Vikaenda bila yeye mpaka Ungoni, na vilipozimwa mwaka 1907 Wajerumani walikuwa wamechoma maghala na mashamba makusudi. Wao walihesabu waliokufa kuwa 75,000. Gwassa aliwakadiria kufikia kati ya 250,000 na 300,000, wengi wao kwa njaa. Desemba 1956 Julius Nyerere alisimama mbele ya kamati ya Umoja wa Mataifa, New York, akaitaja Maji Maji kuwaeleza kwamba watu wake hawakuwahi kukubali kutawaliwa. Mwaka 1969 Ebrahim Hussein akachapisha tamthilia yake ya Kinjeketile, nasi tukaisoma darasani. Kidimbwi cha Ngarambe kilikuwa kimekuwa mali ya taifa.

Miaka tisa baada ya Mohoro, vita vya Wazungu vikaja kujificha ndani ya mikoko. Manowari ya Kijerumani Königsberg iliizamisha meli ya Kiingereza Pegasus bandarini Zanzibar tarehe 20 Septemba 1914, kisha mitambo yake ikaharibika, ikaingia delta na kujificha. Vifaa vya mitambo vilishushwa, vikafungwa kwenye magogo, vikaburutwa na mamia ya watu kwa nchi kavu mpaka karakana za Dar es Salaam, vikatengenezwa, vikaburutwa tena kurudi. Nimejaribu kuifikiria njia hiyo ilivyokuwa, mchanga, matope, mito midogo isiyo na madaraja, na chuma chenye uzito wa nyumba nyuma ya migongo ya watu. Vitabu vinamtaja nahodha, Max Looff. Havimtaji hata mmoja wa waliovuta kamba. Waingereza waliuziba mlango wa mto, wakaleta ndege, wakaleta meli mbili za kina kifupi, Severn na Mersey, zilizoundwa awali kwa ajili ya Brazili. Julai 11, 1915, Königsberg ikazamishwa na wenyewe baada ya kupigwa. Mizinga yake kumi ikatolewa majini na kuburutwa nayo, kwa migongo ileile.

Sasa turudi Kibambawe.

Waingereza walichukua Dar es Salaam tarehe 4 Septemba 1916. Nyuma ya mji Wajerumani walikuwa wamepima eneo la kuwahamishia Waafrika, na jengo la soko lilikuwa limeanzishwa, kazi ikakatwa na vita. Waingereza wakapiga kambi hapo, kambi ya kikosi cha wapagazi, Carrier Corps. Wenyeji walilisikia jina hilo, wakalikunja likakaa vizuri mdomoni: Kariakoo.

Katika nchi ile farasi na nyumbu walikufa kwa ndorobo, malori yalizama kwenye tope, na reli ya kutoka Dar es Salaam ilikwenda magharibi, si kusini. Kila risasi, kila kopo la nyama, kila blanketi lililomfikia askari wa Kiingereza kusini lilifika juu ya kichwa cha mtu. Wapagazi walikusanywa kutoka Kenya, Uganda, Nyasa, na katika Tanganyika yenyewe kadiri nchi ilivyotekwa. Wengine walikwenda kwa mshahara. Wengi walikamatwa vijijini kama kuku.

Mwanzoni mwa Januari 1917, majeshi yalishuka kutoka reli ya kati kupitia Mikese kuufuata Rufiji. Tarehe 4 mwindaji maarufu Frederick Selous aliuawa kwa risasi Beho Beho, na hifadhi kubwa ya wanyama ikapewa jina lake. Siku iliyofuata walifika Kibambawe. Daraja lilikuwa limeharibiwa na Wajerumani. Wakavuka usiku kwa mashua za kukunjwa, viboko wakiziandama majini. Jenerali Smuts aliona kazi imekwisha, akaondoka mwezi huohuo kwenda London.

Kisha mvua ikaanza. Ilikuja mapema, ikaja kwa wingi kuliko walivyozoea kuiona, na mto ukafanya kile ambacho kila Mrufiji angewaambia utafanya, kama kuna aliyeuliza. Ukapanda. Bonde likawa ziwa. Njia ya kutoka Mikese, mwendo wa zaidi ya kilomita 150, ikawa kinamasi, na mpagazi aliyetwishwa unga alihitaji kula njiani, akaula unga ule ule, kwenda na kurudi, hata kilichofika mbele kikawa kiganja. Askari wa brigedi ya Naijeria waliokaa mtoni walikatiwa posho mpaka wakawa wanachimba mizizi. Mpagazi alikuwa chini yao. Alipewa mahindi mabovu au mchele asiozoea kuupika, bila muda wala kuni kavu za kuivisha, na tumbo likaharibika. Kuhara damu, homa ya mapafu, malaria. Hakuwa na koti. Alilala kwenye maji. Asubuhi aliyeshindwa kuamka aliachwa, mzigo wake ukagawanywa.

Katika vita vyote vya Afrika Mashariki, wapagazi waliokufa upande wa Waingereza wanakadiriwa kukaribia 100,000, na wako wanahistoria wanaosema walizidi hapo. Makaburi yao mengi hayapo. Rufiji ulichukua sehemu yake, nao ni mto wenye mamba.

Jeshi likasonga kusini. Narung'ombe walipigana tarehe 19 Julai 1917. Tandamti, tarehe 3 Agosti. Mahiwa, Oktoba 15 hadi 18, vita vibaya kuliko vyote, Waingereza wakapoteza zaidi ya watu 2,000, waliouawa na waliojeruhiwa. Mitaa ya Kariakoo ilipopewa majina, majina hayo ndiyo yaliyowekwa. Ukitembea leo kutoka Kibambawe mpaka Mahiwa kwa miguu, dakika chache ukikwepa mikokoteni, umetembea mwaka mzima wa 1917, kutoka mtoni mpaka karibu na Lindi. Mwaka 1927 ilisimamishwa sanamu ya askari katikati ya jiji, bunduki mkononi, na maandishi yaliyochorwa chini yake yanawataja na wapagazi. Lakini sanamu ni ya mwenye bunduki. Mpagazi alipewa soko. Kila dereva anayepiga kelele "Kariakoo! Kariakoo!" mlangoni mwa daladala anamtaja yeye, mara mia kwa siku, na sijui ukumbusho gani mwingine nchini unaotajwa kiasi hicho.

Baada ya vita Kariakoo ilijaa. Wazaramo walikuwa wenyeji, na watu wa kusini wakaja: Wandengereko, Wamatumbi, Warufiji, wengine wakifuata kazi za bandarini, wengine wakikimbia njaa. Walileta mchele, mikeka na ngoma. Katika mitaa hiyohiyo TANU ilizaliwa tarehe 7 Julai 1954, kwenye barabara inayoitwa sasa Lumumba, na Abdulwahid Sykes, mmoja wa waasisi wake, alikuwa mkuu wa soko la Kariakoo. Bibi Titi Mohamed, mwimbaji wa ngoma aliyewatoa wanawake majumbani wakaingia chamani kwa maelfu, alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1926, na jimbo lake la ubunge lilikuwa Rufiji. Alilipoteza mwaka 1965, na sitaki kuipita haraka aibu tuliyomfanyia baadaye: kesi ya uhaini, kifungo cha maisha, kuachiwa mwaka 1972, kisha miaka ya kimya kabla ya jina lake kuwekwa kwenye barabara inayopita Mnazi Mmoja.

Uhuru nao ulikuwa na mpango wake juu ya mto. Mafuriko ya mwaka 1968 yalipowakuta watu mabondeni, serikali iliwahamisha kwenda vijiji vya ujamaa vilivyo juu, kwenye mchanga. Iliitwa Operesheni Rufiji, mojawapo ya operesheni za kwanza za namna yake nchini. Kwa nia, ilikuwa njema: shule, zahanati, usalama. Lakini shamba la mlau likabaki kule chini, mwendo wa saa nyingi, dungu bila mtu, na nguruwe wakala mavuno. Watu waliojua kuishi na mto wakaambiwa waishi mbali nao, halafu wakaonekana wavivu kwa sababu hawakuvuna.

Mto huohuo uliigawa nchi. Mpaka mwaka 2003 aliyetoka Lindi au Mtwara kuja Dar es Salaam kwa barabara alivuka kwa kivuko pale Ndundu, na masika yakikaza alikaa ng'ambo siku nzima, au wiki. Hata hivyo vijana walikuja. Inasemwa neno machinga linatokana na Wamachinga wa Lindi, waliokuwa wa kwanza kuzunguka mitaa ya Dar na bidhaa mikononi. Leo ni jina la kila mchuuzi wa kutembea, awe Msukuma, awe Mchaga. Daraja la Mkapa lilipofunguliwa, lenye urefu wa mita 970 hivi, likafupisha safari ile kuliko hotuba zote zilizowahi kutolewa kuhusu maendeleo ya kusini, ingawa lami ya kipande cha Ndundu hadi Somanga ilichukua miaka mingine mingi.

Umeme ndio deni jipya. Kidatu, kwenye Ruaha Mkuu, iliwashwa mwaka 1975, mwaka uleule Nyerere alipolifungua soko jipya la Kariakoo, kazi ya msanifu Beda Amuli, lenye paa kama miavuli iliyogeuzwa kukinga mvua. Baadaye ikaja Mtera, ikaja Kihansi. Mitambo yote hiyo iko katika bonde la Rufiji. Ndiyo maana maji ya Mtera yaliposhuka mwaka 2006, Kariakoo ilinguruma jenereta mtaa mzima, na vinyozi walisimama mlangoni wakiwa na mashine zisizowaka. Neno mgao likaingia kwenye lugha ya kila siku, na watu wakaanza kuuliza habari za mvua ya Mbeya kama wakulima.

Bwawa kubwa lilikuwa limeotwa zamani. Mahali pake paliitwa jina la Stiegler, mhandisi aliyeuawa hapo na tembo mwaka 1907, na Nyerere aliunda mamlaka ya kuliendeleza bonde mwaka 1975. Pesa hazikupatikana. Mkataba na kampuni za Misri ulisainiwa mbele ya Rais John Magufuli Desemba 2018, mtambo wa kwanza ukawaka mwanzoni mwa 2024, na wa tisa ukakamilika mwaka 2025: megawati 2,115 kwa jumla, ziwa lenye urefu wa kilomita kama 100 nyuma ya ukuta. Nilifurahi, sifichi. Taifa lililonyimwa mikopo ya kazi hiyo kwa miaka 40 limeifanya. Mwaka huo wa 2025 Kariakoo ikaanza rasmi kufanya biashara saa 24, na usiku wa manane unaweza kuchagua kitambaa chini ya taa kana kwamba ni adhuhuri.

Aprili 2024, kabla mitambo yote haijakamilika, mvua za El Niño zilijaza bwawa, maji yakafunguliwa, na mabonde ya Rufiji na Kibiti yakazama. Serikali ilisema bila ukuta hali ingekuwa mbaya zaidi. Wakazi wengi walilalamika kwamba maji yalikuja tofauti na yale wanayoyajua: hayakupanda na kushuka, yalikaa.

Siku hizo nilikuwa kwenye duka moja Mtaa wa Kongo, la kijana wa Ikwiriri. Simu yake iliita, mama yake. Aliiweka sauti ya juu kwa sababu ya kelele, na sote tuliokuwepo tukasikia: mpunga umekwenda, mahindi yamekwenda, nyumba imesimama ila maji yako dirishani, wamehamia shuleni. Kijana hakusema mengi. Aliuliza nani yuko naye, akauliza habari za bibi. Mama akauliza, "Na huko umeme upo?" Akajibu, "Upo, mama, unawaka." "Haya. Basi tutafutie turubai, mwanangu. Hapa juu panavuja."

Akamwachia mwenzake duka, akaenda duka la tatu kutoka hapo, akanunua turubai la bluu la futi 18 kwa 24. Alilikunja, akalifunga kwa kamba ya katani, akaandika kwa kalamu nene jina la mama yake, namba ya simu, na neno IKWIRIRI. Bodaboda ikalipeleka Mbagala Rangi Tatu kwenye magari ya kusini. Baada ya saa moja kondakta akapiga simu kuuliza alishushe wapi hasa, maana shuleni gari halifiki. Kijana akafikiri kidogo, akamwambia alishushe barabarani, atakuja mtu kulichukua kwa mtumbwi.